Mwendo wa Baba Una Mwenyewe

Rotterdam, Uholanzi
Jumapili, mwezi wa kumi na moja

Mama yangu mpenzi,

Assalaam alaykum, na shikamoo.

Mwalimu wetu wa darasa la nne alitufundisha kwamba barua huanza na "mimi huku ni mzima wa afya, hofu na mashaka ni juu yako wewe uliye mbali." Tuliandika hivyo hata tulipokuwa tunamwandikia mtu wa dawati la mbele. Leo nayaandika maneno yale yale, ila safari hii nina maana nayo. Mimi ni mzima, ukiondoa kisigino ambacho nitakieleza. Hofu iko kwako, maana tangu mwezi uliopita simu yangu hupokei. Inaita mpaka inachoka, inakatika. Ndugu yangu Issa ananiambia hujambo, unapanga korosho zako mezani, unakaanga samaki, unagombana na makondakta wa mabasi ya Lindi wanaosimama mbali na meza yako kwa makusudi. Nashukuru Mungu. Mtu mwenye nguvu za kugombana na makondakta hana homa. Lakini Mama, uzima wako nimezoea kuusikia kwa sauti yako, siyo kuletewa na Issa ambaye hata akieleza mvua unabaki hujui imenyesha wapi.

Ndiyo maana nimeandika. Simu mtu anaweza kuiacha iite. Barua ikishawekwa mezani lazima ifunguliwe, angalau kwa udadisi. Anakuja nayo Rehema, yule binti wa Lindi tunayekaa naye chumba kimoja. Anakwenda kwenye harusi ya dada yake, na basi likisimama hapo Somanga atashuka akupe mkononi. Mpe korosho, usimpe maneno, yeye hana kosa lolote. Miwani yako ukiiona, soma mwenyewe. Usipoiona, Issa akusomee, na asome yote, asiruke pale anapotajwa yeye.

Habari za huku si mbaya. Baridi imeingia, ile ya kuuma masikio, na jua linakuja kama mgeni aliyepita tu kusalimia. Asubuhi nafanya kazi kwenye ghala la maua. Najua utacheka, kwa sababu mimi nilikuwa siwezi hata kupalilia ufuta bila kulalamika. Maua yanaletwa kwa malori, sisi tunayapanga kwenye ndoo, yanaondoka kwa malori mengine. Ghala limewekwa baridi makusudi ili maua yasinyauke, basi tunaonyauka ni sisi. Tunasimama kutwa kwenye sakafu ya saruji, na kisigino changu kimoja kikaanza kugoma. Chakula nakipata. Mihogo ipo, imegandishwa kwenye mifuko, ukiichemsha inakuwa kitu kingine kabisa. Juzi nimeota nakula ming'oko tuliyoichimba porini. Nilipoamka nilikasirika na watu wote wa nyumba hii.

Mchana nakwenda kwenye karakana ya sanaa, ile iliyonileta huku. Mlango wake hauna ufunguo. Una kamera, inakutazama usoni. Ikikutambua, unaingia, isipokutambua, unabaki nje na baridi yako. Wenzangu wote inawatambua hata wakiwa wamefunga shali mpaka puani. Mimi, kukiwa na mawingu, hainijui, na huku mawingu ni kila siku. Nalazimika kusimama pale, niinue kidevu, nigeuke kidogo, nitabasamu, mpaka mlango uridhike. Issa aliwahi kuniuliza Ulaya nafanya kazi gani hasa, nikamjibu nauchekea mlango. Siku za mwanzo iliniuma sana, nilirudi chumbani nikajitazama kwenye kioo muda mrefu. Baadaye nikaona hapo hapo ndipo kazi yangu ilipo. Ndicho ninachokifanya huku, Mama: nauliza mashine ikimtazama mtu inamwona nani, na mwili wa mtu ukishaingizwa humo ndani unabaki kuwa wa nani.

Sasa naomba nikueleze polepole kile ulichokasirikia, kwa sababu nadhani nilikosea kuanzia hapo, kwa kuleta picha bila maelezo.

Kuna vijidude vidogo, kila kimoja sawa na kibiriti, vinafungwa mwilini kwa mikanda. Kwenye magoti, viwiko, kiuno, mabega, nyayo. Navivaa chini ya dera langu, usiwe na wasiwasi, sitembei uchi mbele ya Waholanzi. Ukisogea, vile vijidude vinaipelekea kompyuta habari za kila kiungo, na kwenye skrini anatokea mtu. Hana sura, hana ngozi, hana nguo. Ni umbo tu la kijivu. Ukiinua mkono naye anainua. Ukijikuna sikio naye anajikuna. Ukishamaliza unaweza kumvika chochote unachotaka, na wamekuwekea ngozi nyingi za kuchagua, kama vitenge dukani. Nilitafuta ya kwako sikuiona. Kuna nyeusi ya mkaa, na kuna ya chai yenye maziwa mengi. Hapo katikati, ambapo tunaishi sisi wote, hawajaweka mtu. Nikamwacha awe wa kijivu hivyo hivyo.

Siku hiyo kisigino kilikuwa kimeamka vibaya. Msimamizi wangu, mama mmoja wa Kiholanzi anaitwa Hanneke, aliniambia nitembee kawaida, kama mtu anayekwenda dukani kununua sukari. Nikatembea. Nilipofika mwisho wa chumba nikageuza macho kwenye skrini ili nimwone yule wa kijivu.

Mama, alikuwa ni Baba.

Siyo kwa sura, hana sura. Ni ule mwendo. Kule kusita kidogo kabla ya hatua, kama mtu anayebisha hodi kwa ardhi. Nyonga ikishuka, bega likipanda kuifidia. Na mkono mmoja umerudi nyuma ya mgongo kama umeshika jembe wakati hakuna jembe. Sikujua kama mkono wangu unafanya hivyo. Nimeishi na mwili huu miaka yote na sikujua kwamba Baba amekaa humo. Nilikaa chini pale pale, na mikanda yangu, nikalia. Yule wa kijivu naye akakaa chini akalia pamoja nami. Hanneke akadhani ni kisigino, akanikimbilia na barafu.

Tangu siku ile sikulala vizuri kwa furaha. Nakwambia kweli, ilikuwa furaha. Kisigino kikapona, na mimi nikaendelea kuchechemea kwa kusudi. Kila mchana navaa mikanda, natembea kama Baba, halafu namtazama. Nilimfanya aende, arudi, asimame, ajinyooshe kiuno kama alipokuwa anatoka kupuliza mikorosho dawa. Nikaona nimepata kazi ambayo sijawahi kuipata tangu nianze kuitwa msanii.

Ndipo nikamtumia Issa kile kipande kifupi cha video yake. Nikamwandikia maneno mawili tu: "Unamjua huyu?" Hapo ndipo maji yalipomwagika, na maji yakimwagika hayazoleki. Ningemtumia mtu mwingine yeyote pengine yasingefika mbali. Issa akaenda nayo moja kwa moja kijiweni kwa bodaboda, simu ikazunguka mkono kwa mkono, mpaka yule fundi baiskeli, rafiki wa Baba, alipoishika. Issa anasema aliitazama mpaka mwisho, akairudisha, akasema, "Huyu si Selemani huyu?" Kabla ya magharibi Somanga nzima ilikuwa inajua kwamba Salima amemfufua baba yake kwa uchawi, kamfanya ndondocha, anamlimisha Ulaya. Kuna waliosema ndondocha hukatwa ulimi asiseme, lakini wa Ulaya hukatwa uso wote kwa sababu huko wana vifaa. Na kuna aliyethibitisha kwamba nimempeleka ghala la maua. Lisemwalo lipo, wakasema.

Mama, ningekuwa na ndondocha ningemtuma yeye asubuhi ghalani, mimi nibaki nimejifunika blanketi. Hilo peke yake lingetosha kuwa ushahidi.

Lakini wewe ukaacha kupokea simu, na mimi nikaamini ni kwa ajili ya ule uvumi. Nikamtumia Issa maelezo marefu akupe, ya mikanda na vijidude na kompyuta, kwamba hakuna uchawi, ni hesabu tu. Nilijitetea kwa kosa ambalo hukunishitakia. Issa akakufikishia, akaniletea majibu yako, na kwa mara ya kwanza katika maisha yake sikumwona amepunguza neno:

"Mwambie dada yako mimi si mjinga. Ndondocha nawasikia kwa wao wenye ndondocha. Mume wangu nimemuuguza na nimemzika, alipo napajua. Mimi nauliza jambo moja tu. Nani kampa kazi ya kumwigiza baba yake? Kazi hiyo ina mwenyewe, na mwenyewe keshaifanya, watu wote wameona. Mfiwa analia. Mfiwa haigizi."

Niliyasoma maneno hayo nikiwa kwenye treni ya chini ya ardhi. Nilipitiliza kituo changu.

Nilikuwa nimesahau. Siyo kwamba sikujua. Nimezaliwa hapo, nimekwenda misiba mingi hapo, najua kwamba mtoto wa marehemu hainuki akachechemea mbele za watu. Hiyo ni kazi ya mtani. Mtoto akifanya ni utovu wa adabu, tena wa kutisha, watu watauliza kama ana akili. Lakini huku nilikuwa peke yangu kwenye chumba cheupe, hakuna jamvi, hakuna wafiwa, nikajiona niko nje ya msiba. Kumbe msiba ninao, nimeuvaa na mikanda.

Wiki hiyo hiyo Hanneke alinifuata. Kabla mwaka haujaisha tutafungua maonyesho yetu, na ukuta mkubwa wa mwisho, ule ambao kila mtu lazima aupite, wamenipa mimi. Haijawahi kunitokea. Wanataka yule wa kijivu atembee pale, mkubwa kuliko mlango wa msikiti, aende na kurudi. Nikamwambia hawezi kutembea mpaka nipate ruhusa nyumbani.

"Ruhusa ya nini?" akaniuliza. "Mwili ni wako. Umetembea wewe, mashine imerekodi wewe. Kwenye makaratasi yote mwendo ule ni mali yako."

"Mwili ni wangu," nikamjibu. "Mwendo si wangu."

"Ni wa baba yako. Na baba yako amefariki, pole."

"Wa baba yangu, ndiyo. Ila akishafariki, mwenye haki ya kuutembea ni mtani."

Basi ikawa kazi ya kumweleza mtani ni nani. Alijaribu kulitafuta neno kwenye simu yake, ikamwambia ni rafiki wa mzaha. Nikamwambia hapana, siyo rafiki, anaweza kuwa mtu usiyempenda hata kidogo. Ni mtu ambaye ukoo wake na ukoo wenu mnaruhusiwa kutukanana bila kugombana, tangu mababu. Na siku ukifa, watu wamekaa wanalia, yeye ndiye anayekuja kuvaa koti lako na kofia yako, anatembea unavyotembea, anakohoa unavyokohoa, anauliza, "Kwa nini chai haina sukari na mke wangu amekaa tu?" Anafanya hivyo mpaka waliao wacheke.

Hanneke akaweka simu yake mezani. Halafu akauliza, "Analipwa?"

"Anajilipa mwenyewe. Anachukua kuku."

Akacheka mpaka akafuta macho. Akaniambia kwao mtu akifa wanakunywa kahawa na kipande cha keki, wanaongea kwa sauti ya chini, wanaagana. Akasema baba yake alikuwa na namna yake ya kupenga kamasi, kubwa, ya kutikisa nyumba nzima, na siku ya mazishi hakuna hata mmoja aliyethubutu kuitaja. Nilimwonea huruma, Mama. Nilitamani nimpe mtani wetu Bi Tabia kwa siku moja tu.

Sasa nije kwa Bi Tabia, maana barua hii ni yake pia.

Siku ya msiba Issa aliniwekea simu kwenye mfuko wa shati, ikiwa wazi, ili nami niwe kwenye matanga. Nilikuwa nimejifungia chooni kazini. Nilisikia shati la Issa likikwaruza, nikasikia dua, nikasikia vilio vyenu, na wewe sikukusikia kabisa. Issa alikuwa ameshanieleza kwamba tangu asubuhi hujasema neno na maji hujanywa. Halafu nikasikia nyayo. Hatua, kusita, hatua. Nikadhani nachanganyikiwa. Nikasikia sauti nene ya kujifanya ikisema, "Wee binti Mohamedi, umekaa hapo na hao wanawake wenzio, na koti langu umempa nani? Na uji wangu nao utakuja leo au nirudi nilikotoka?" Watu wakaguna. Na ndipo nikakusikia wewe, Mama. Ulicheka. Ulianza kama mtu aliyepaliwa, halafu ukacheka hasa, na kicheko kikageuka kilio, na ukaomba maji. Bi Tabia alikutoa shimoni kwa mguu wa Baba.

Mimi nilisikia, sikuona. Issa aliona, mama mdogo aliona, hata wale watoto wa jirani ambao hawakumjua Baba vizuri waliona. Ninyi nyote msiba wenu umechekwa. Wangu haujachekwa bado. Nadhani hicho ndicho nilichokuwa nakitafuta kila mchana na ile mikanda: nilikuwa namtafuta mtani wa kuja kunichekesha, na kwa kuwa hakuna, nikajifanya mtani mwenyewe. Ni sawa na mtu kujitoa mwiba mgongoni. Unajikuna tu.

Kwa hiyo nimewaza hivi, na ndilo jambo hasa lililonifanya nishike kalamu. Ule mwendo niliotembea mimi nimeufunga. Hauonyeshwi mtu, na hata Hanneke hawezi kuufungua bila mimi. Badala yake nakuomba wewe, na kupitia kwako nimwombe Bi Tabia, atembee yeye. Siku hizi si lazima mikanda. Issa akiiegesha simu kwenye stuli uani, ikatulia, asiishike mkononi na kuitikisa kama anavyozoea, Bi Tabia akapita mbele yake kutoka jikoni mpaka kwenye tangi la maji na kurudi, kompyuta ya huku inaweza kuuchukua ule mwendo na kumpa yule wa kijivu. Basi atakayetembea ukutani siyo mimi nikimwigiza baba yangu. Atakuwa mtani wetu, akifanya kazi yake, isipokuwa msiba umefika mbali kidogo. Jina litakaloandikwa pale la kwanza ni lake. Langu litakuja chini, herufi ndogo. Na kwenye maelezo nitaandika neno "mtani" kama lilivyo, sitalitafsiri. Watakaotaka kulijua waulize. Faini yake aitaje mwenyewe, najua haitakuwa ndogo.

Ukisema ndiyo, nitafurahi kuliko ninavyoweza kuandika. Ukisema hapana, ukuta utabaki mtupu, na nitawaambia watu nyumbani wamekataa, na hilo nalo ni jibu. Sitanuna. Haya, nitanuna siku mbili tatu, wewe ndiye uliyenizaa, unanijua. Lakini Mama, hata ukikataa, pokea simu. Ukuta mtupu nauweza. Mlango usionijua nimeuzoea, nauchekea unafunguka. Ila simu yako ikiita bila kupokewa inaniliza, na hapo sina tabasamu la kuitegea. Baba ameondoka sikumwona. Sitaki na wewe nikukose ungali hai hapo barabarani, unauza korosho.

Issa nimemgusia jambo hili la Bi Tabia kwa sababu ya simu na stuli, nikamwapisha alifiche mpaka barua ifike. Najua mdomo wake hauna komeo, lakini nimejaribu.

Nisalimie wote. Mama mdogo wa Kiswere mwambie kanga aliyonipa ndiyo ninayojifunika shingoni ghalani, Waholanzi wananiuliza imeandikwa nini na kila siku nawapa jibu tofauti. Shemeji wa Songo Songo mwambie apunguze kunitumia video za mpira. Mke wa Issa mpe pole ya ujauzito, na pole ya Issa. Fundi baiskeli mpe shikamoo yangu ya pekee. Ametazama umbo la kijivu lisilo na uso, kwenye simu iliyopasuka kioo, akamtambua rafiki yake. Huku kuna mashine za gharama kubwa haziwezi hivyo. Na Bi Tabia usimsalimie, mwambie tu nimesema miguu yake imepinda na ndiyo maana kuchechemea hakumpi shida.

Nakuombea afya na wateja wengi, na mabasi yasimame mbele ya meza yako.

Ni mimi mwanao, niliyerudi kwenye jamvi la wafiwa,
Salima binti Selemani

Mama, bahasha nilikuwa nimeshaifunga, nimeichana tena.

Simu imelia mara moja ikakatika. Namba yako. Umenibipu. Nimekaa nikaitazama kama niliyeokota kitu njiani, halafu nikapiga, na safari hii ukapokea mlio wa kwanza. Hukunipa hata nafasi ya kuamkia. Ukasema, "Issa kaniambia." Nikajua lile komeo halikudumu hata siku moja. Nyuma yako nikasikia ndoo, kuku, na sauti ya Bi Tabia ikipiga kelele, "Mwambie huyo mwenye macho ya bundi, kuku wangu awe jogoo, na alipe nauli ya kwenda Ulaya maana n'nakwenda mwenyewe ukutani." Nikacheka. Wewe hukucheka.

Ukasema, "Tabia huyu hapa, kavaa koti. Issa ameweka simu kwenye stuli. Na ile picha yako leo nimeitazama."

Ukaendelea:

"Umemchechemeza mguu wa kushoto. Baba yako alichechemea mguu wa kulia. Huyu Tabia naye keshatazama ya kwako, nusura akosee vivyo hivyo. Nimemrudisha jikoni aanze upya. Nikipata nafasi nitakupigia." Ukakata.

Barua inakuja hivyo hivyo na Rehema, isome tu. Nimekaa hapa muda nikijaribu kumkumbuka, na umesema kweli, ni wa kulia. Nadhani najua kilichonipoteza. Mimi nilikuwa namsubiri mlangoni, kwa hiyo namjua Baba akija, tumeelekeana, na mguu wake wa kulia ulikuwa upande wangu wa kushoto. Wewe ulikuwa unatembea nyuma yake njia yote ya shamba. Mwambie Bi Tabia akufuate wewe.